Korti imeamuru, bosi amekaa kimya: ni nani anayedharau?

SEHEMU YA 1

Leo siandiki kuhusu homa wala kunyonyesha. Najua wengi mnanifuata kwa hayo, na tutayarudia wiki ijayo inshallah. Lakini Jumatatu niliona karatasi mbili siku moja, na tangu hiyo Jumatatu silali vizuri.

Karatasi ya kwanza ilitumwa kwenye grupu letu la WhatsApp asubuhi, sijamaliza hata chai. Ni barua ya wakili wa mwajiri mmoja. Inasema muuguzi yeyote atakayeonekana akichochea mgomo atashtakiwa kwa kudharau korti na atafungwa jela. Yeyote. Haikusema ni amri gani, imetolewa tarehe gani, na jaji gani. Haikuambatanishwa hata ukurasa mmoja wa hiyo amri. Neno jela lilitosha. Kufikia saa nne, wenzangu wawili walikuwa wameshafuta jumbe zao zote.

Karatasi ya pili ilitolewa kwenye bahasha ya kaki mchana, na mama aliyeleta mtoto kuchanjwa surua. Hiyo yake ni amri ya korti kweli. Ina muhuri, ina sahihi, imekunjwa na kukunjuliwa mpaka inaanza kupasuka. Inamtaka mwajiri amruhusu arudi kazini. Imetolewa zaidi ya miezi 7 iliyopita, na mpaka Jumatatu ile getini hajaruhusiwa kupita.

Sasa nambieni. Karatasi moja haina amri ndani, na imetisha wodi nzima kwa asubuhi moja. Nyingine ni amri kamili, na mwenye kuamriwa analala usingizi wake. Hayo ndiyo nataka tuyazungumze. Nitaandika sehemu saba, someni mtoto akiwa amelala.

SEHEMU YA 2

Nitamwita Mama Baraka. Si jina lake, na nimemuomba ruhusa kabla ya kuandika. Pahali alipokuwa akifanya kazi sitapataja, kwa hivyo msinifuate faraghani kuniuliza. Ni biashara ya mtu binafsi hapa Pwani. Alikuwa mapokezi, na siku nyingine anashika pesa. Miaka mitatu hajawahi kuandikiwa barua ya onyo.

Alijifungua kwa upasuaji. Mtoto ana wiki 3, kidonda hakijapoa vizuri, akapigiwa simu. Ati nafasi yako imeondolewa, biashara imekuwa ngumu, njoo uchukue barua yako. Wiki ileile rafiki yake wa kazini akamnong'oneza kwamba kuna msichana mpya amekaa pale mezani. Yaani nafasi iliyoondolewa ina mtu ameikalia.

Alipata wakili wa kumsaidia. Na hapa ndipo mimi naingia, manake mimi ndiye niliyekuwa nikimuona kila anapokuja kliniki. Kesi yake naisoma kwenye kitabu cha mama na mtoto.

Wiki ya 6, chanjo. Alikuja anatabasamu. Korti ilikuwa imetoa amri ya muda: mwajiri asimpe mtu mwingine nafasi ile, na likizo ya uzazi ikiisha amruhusu arudi kazini mpaka kesi isikizwe. Nilimpima mtoto, uzani mzuri, mstari kwenye chati unapanda.

Wiki ya 10, chanjo ya pili. Amri imeshapelekwa. Mhasibu aliipokea na kutia sahihi. Mkurugenzi kimya.

Wiki ya 14, chanjo ya tatu. Likizo imeisha. Alienda getini na amri mkononi. Bawabu, kijana wa watu, akamwambia kwa aibu: "Dada, jina lako halimo kwenye orodha." Akarudi nyumbani. Wakili wake akapeleka ombi kortini kwamba mkurugenzi anadharau korti.

Miezi 6, vitamini A. Ombi limetajwa mara mbili. Mara ya kwanza wakili wa mwajiri alisema mteja wake hakukabidhiwa amri mkononi, alikabidhiwa mhasibu. Mara ya pili mkurugenzi alikuwa amesafiri. Wakati huo Mama Baraka anafua nguo za watu mtaani, mtoto anaachiwa jirani na uji mwepesi, tangu mwezi wa nne. Nikaweka alama ya uzani kwenye chati. Mstari umelala.

Mama yeyote aliyewahi kuonyeshwa ile chati anajua mstari ukilala una maana gani.

Miezi 9, surua. Ndiyo Jumatatu hii. Wiki iliyopita mkurugenzi alifika kortini hatimaye, akaomba msamaha, akapewa siku 14 atii. Siku 14 za kutii jambo aliloamriwa mtoto akiwa na wiki 6!

SEHEMU YA 3

Wengi mmeniuliza kwenye komenti: kwani kudharau korti ni nini hasa? Wengine mnadhani ni kumtukana jaji au kuingia kortini na kofia. Hapana. Katika kesi za kazi, dharau mara nyingi ni kitu kimoja tu: korti imekuamuru ufanye au usifanye jambo, umejua, na umekaidi kwa makusudi.

Ili mtu atiwe hatiani, majaji wetu huangalia mambo manne. Amri iwe wazi, haina utata. Anayeshtakiwa awe aliijua. Awe ameivunja. Na awe ameivunja kwa kukusudia, si kwa bahati mbaya. Na kwa kuwa mtu anaweza kufungwa, ushahidi unaotakiwa ni mzito kuliko ule wa kesi za kawaida za madai.

Mimi sina tatizo na hilo. Nawaambia ukweli. Sitaki mtu yeyote afungwe kwa ushahidi wa umbea. Jela ni jela, na mkurugenzi naye ana watoto. Korti ikichukua tahadhari kabla ya kumnyima mtu uhuru wake, inafanya vizuri.

Tatizo langu ni pale tahadhari inapogeuzwa mlango wa nyuma. Ukichukua "hakukabidhiwa mkononi." Zamani hiyo ilikuwa nguzo kubwa: lazima amri ikabidhiwe mtu mwenyewe, na iandikwe onyo la adhabu. Lakini kwa miaka mingi sasa korti zetu zimesema kwamba kujua kunatosha. Wakili wako akiwa kortini amri inaposomwa, wewe umejua. Huwezi kujificha nyuma ya mhasibu. Hilo limesemwa hadi Mahakama ya Rufani. Sasa iweje hoja iliyozikwa zamani bado inamnunulia mwajiri mwezi mmoja, miezi miwili, kila anapoifukua?

Nitawaambia iweje. Si lazima ashinde kwa hoja hiyo. Kinachomfaa ni ile tarehe nyingine atakayopewa. Kwa mwajiri, kuahirishwa ni faida, mshahara haulipwi. Kwa mama, kuahirishwa ni maziwa yanakauka.

Na sheria juu ya jambo lenyewe wala haina fumbo. Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 29: likizo ya uzazi ni miezi 3 na mshahara kamili, na ukimaliza una haki ya kurudi kwenye kazi yako ileile, au kazi inayokufaa yenye masharti yasiyo duni kuliko ya kwanza. Kifungu cha 46: ujauzito, au sababu yoyote inayohusiana nao, si sababu halali ya kumfuta mtu. Hakuna jaji anayehitaji miezi saba kuyasoma hayo mawili.

SEHEMU YA 4

Sasa tugeuze upande, tuone dharau inavyoshughulikiwa anayeshtakiwa akiwa ni mfanyakazi.

Mnakumbuka mgomo wa madaktari ulioanza tarehe 5 Desemba 2016? Chanzo chake ni makubaliano ya mishahara na mazingira ya kazi, yale tunayoyaita CBA, yaliyotiwa sahihi Juni 2013 na kukaa bila kutekelezwa. Serikali ikasema hayakusajiliwa kortini, kwa hivyo hayamfungi mtu. Na kisheria kweli, makubaliano ya aina hiyo hupata nguvu ya kutekelezwa yanaposajiliwa na Mahakama ya Ajira na Leba.

Korti iliamuru mgomo usimame. Madaktari wakaendelea. Januari 2017 viongozi wa chama chao walihukumiwa kifungo cha mwezi mmoja kwa kudharau korti, lakini hawakupelekwa jela papo hapo, walipewa muda wa kuzungumza na serikali. Mazungumzo yakakwama. Tarehe 13 Februari viongozi saba wakapelekwa jela. Siku mbili baadaye Mahakama ya Rufani ikawaachilia. Mgomo uliisha tarehe 14 Machi, siku ya 100.

Hebu hesabuni nami. Kutoka mgomo kuanza mpaka viongozi kuingia jela ni siku 70. Kutoka Juni 2013 mpaka siku hiyo ni miaka mitatu na miezi minane, na aliyeacha makubaliano yalale kwenye droo hakulala rumande hata usiku mmoja, kwa sababu yeye hakuwa na amri ya korti ya kuvunja. Mwenye droo hupata miaka. Mwenye bango hupata wiki.

Najua mtaniandikia nini. Kuna dada mmoja ameshaniandikia tayari: "Nesi, nyinyi mkigoma sisi tunakufa. Dada yangu alijifungulia kwenye bodaboda." Dada, pole sana. Sitabishana na wewe. Mwaka huohuo wa 2017 wauguzi tuligoma kuanzia Juni mpaka Novemba, na nilijua majina ya mama waliokuwa wanakaribia tarehe zao. Huduma za hospitali ziko kwenye orodha ya huduma muhimu kisheria, na jaji akisimamisha mgomo anamfikiria dada yako. Ana haki ya kumfikiria.

Kwa hivyo nasema wazi, na wenzangu wa chama watanikasirikia: amri ya korti ikitoka kwamba turudi, turudi. Tukiona ni mbaya, tukate rufaa. Hatuwezi kukaidi amri leo halafu kesho tumlilie jaji kwamba bosi anakaidi amri.

Lakini dada, mama aliyefutwa kazi akiwa na kidonda cha upasuaji naye ni dada wa mtu. Mtoto ambaye mstari wake umelala naye ni mgonjwa. Tofauti ni kwamba madhara ya mgomo yanaonekana kwenye runinga, na madhara ya mwajiri kukaidi yanaonekana kwenye chati ya uzani, ambayo anaiona mama na nesi peke yao.

SEHEMU YA 5

Acha niwape yangu kidogo, msije mkadhani naongea ya watu tu.

Mwaka mmoja wa mgomo, sitautaja, mimi nilikuwa kwenye likizo ya uzazi. Mtoto wangu ana wiki 5. Nikaletewa barua nyumbani: nijieleze ndani ya siku 7 kwa nini nisichukuliwe hatua kwa kukaidi agizo la korti la kurudi kazini. Mimi! Ninayekaa kitandani na matiti yamejaa, usiku naamka mara tano. Mtu aliprinti orodha ya wauguzi wote wasiotia sahihi kwenye rejista, akabandika jina la kila mmoja kwenye barua ileile.

Mshahara wa mwezi ule haukuingia. Nilibeba mtoto, fomu ya likizo na kitabu cha kliniki mpaka ofisini. Ofisa akaangalia fomu, akaangalia mtoto, akasema, "Basi andika maelezo." Mshahara ulirudi baada ya miezi mitatu. Pole sikupewa mpaka leo, na wala sijaingoja.

Ninachotaka mshike ni hiki. Hakuna korti iliyonishtaki. Hakukuwa na ombi lolote kortini lenye jina langu. Mtu wa ofisini alichukua neno "kudharau korti" akalitumia kama fimbo. Barua ya Jumatatu kwenye grupu letu ni fimbo hiyohiyo. Kutishia watu na amri usiyowaonyesha nako ni kuidharau korti, hata kama hakuna kifungu kinachosema hivyo. Unalichukua jina la jaji unalitumia kama mtu anayemtisha mtoto na zimwi.

Na mwajiri akiwa serikali, au kaunti, mambo yanazidi kuwa marefu. Tuseme umeshinda kesi, korti imesema ulipwe. Mwajiri wa kawaida asipolipa, unaweza kutuma madalali wakakamata gari lake, au korti ikaiamuru benki itoe pesa kwenye akaunti yake. Mali ya serikali haikamatwi hivyo, sheria inakataza, na kaunti nazo zimo kwenye ulinzi huo. Wewe unaanza kwanza kuomba cheti cha amri. Unakipeleka. Ukinyamaziwa, unarudi kortini kuomba amri ya kumlazimisha ofisa anayesimamia fedha alipe. Akikaidi hiyo, ndipo sasa unaweza kuomba ashtakiwe kwa kudharau korti. Kesi juu ya kesi, na ulishashinda ile ya kwanza!

Bunge lilipotunga Sheria ya Kudharau Mahakama, namba 46 ya 2016, lilizidi kuwaongezea wakubwa mto wa kulalia. Idara ya serikali ikikutwa na dharau, ofisa wake wa fedha alipaswa kupewa kwanza notisi ya siku zisizopungua 30 ajieleze. Mimi nilipewa siku 7 na mtoto wa wiki 5. Sheria hiyo ilibatilishwa na Mahakama Kuu tarehe 9 Novemba 2018, mojawapo ya sababu ikiwa kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo kuitunga. Tukarudi kwenye uwezo wa zamani wa korti, ule tuliorithi kwa Waingereza. Sheria ilikufa, tabia ikabaki.

SEHEMU YA 6

Basi nataka nini? Kaka mmoja ameniambia, "Nesi unalalamika tu, toa suluhisho." Haya, kaka, haya hapa.

Kwanza kwa majaji wetu, kwa heshima zote. Amri inayomhusu mama aliye kwenye likizo ya uzazi iandikwe jina la mtu anayetakiwa kutii, si jina la kampuni peke yake. Kampuni haina shingo. Iandikwe na tarehe ya mwisho ya kutii. Na ombi la dharau likija juu ya amri kama hiyo, lisikizwe ndani ya siku 14. Kama viongozi wa chama cha madaktari waliweza kutolewa jela ndani ya siku mbili kwa sababu uhuru wao haukuweza kungoja, basi korti inajua kukimbia ikitaka. Nilifurahi walipotoka. Naomba tu mbio hizohizo kwa mtoto ambaye tumbo lake nalo haliwezi kungoja.

Na msamaha uwe na bei. Anayekuja kuomba msamaha kortini aje na risiti: mshahara wa miezi yote aliyokaidi, umelipwa. Akija na maneno matupu, arudishwe. Mtoto wangu akivunja sahani akaniomba msamaha, namwambia kwanza okota vigae.

Pili kwa mawakili wa waajiri. Ukitishia watu na amri, iambatanishe. Kama huna ya kuambatanisha, usiandike barua.

Tatu kwa chama chetu cha wauguzi. Nimeshasema na narudia: tukiamriwa, tutii na tukate rufaa. Halafu tutumie ada zetu kuwapigania pia wale wanachama wanaofutwa kimyakimya wakiwa kwenye likizo ya uzazi. Mgomo una picha nzuri. Ombi la dharau la mwanachama mmoja halina picha, lakini ndilo linalomrudisha mtu kazini.

Nne kwa waajiri wadogo, wenye maduka, shule, kliniki, hoteli. Najua biashara ni ngumu, sijidai sijui. Lakini ukishaamriwa na korti, maneno ya biashara ngumu unayapeleka kwa jaji, huyaweki getini kwa bawabu. Na ujue kwamba kampuni ikikaidi, mkurugenzi anaweza kubeba adhabu yeye mwenyewe kwa mwili wake. Kutii hakuna gharama kubwa kuliko hiyo.

Kuna watu watasema mama kama Mama Baraka angechukua tu pesa akaenda. Kweli, sheria inaruhusu fidia, na kiwango cha juu cha fidia ya kufutwa kazi isivyo haki ni mishahara ya miezi 12. Wengi huishia hapo, na siwalaumu. Lakini yeye hakuomba pesa, aliomba kazi yake, na korti ikasema sawa. Mwajiri akiruhusiwa kumchosha mpaka aseme "nipeni chochote niende zangu," basi mwajiri ndiye aliyeandika hukumu.

SEHEMU YA 7, ya mwisho

Hii ihifadhini, mumtumie dada, shemeji, jirani.

Ukiwa mjamzito, andika barua ya likizo ya uzazi mapema. Sheria inataka notisi ya maandishi angalau siku 7 kabla, ikisema unaanza lini na kwamba utarudi. Bakia na nakala iliyogongwa muhuri au kusainiwa. Fomu yangu ya likizo ndiyo iliyoniokoa.

Ukifutwa, usitie sahihi karatasi yoyote siku hiyo. Sema utaisoma nyumbani. Uliza sababu kwa maandishi. Mwajiri ndiye anayetakiwa kuthibitisha sababu yake, si wewe kuthibitisha kwamba hana.

Nenda kwa ofisa wa leba wa eneo lako, kulalamika ni bure. Kama huna pesa za wakili, FIDA Kenya na Kituo Cha Sheria husaidia wasiojiweza, na wote wana ofisi Mombasa. Usingoje mtoto akue. Muda wa kushtaki ni miaka 3, lakini kurudishwa kazini kunakuwa kugumu kila mwezi unaopita.

Ukipata amri, muombe wakili wako mambo haya: iwe imechapwa na kupigwa muhuri, iandikwe onyo la adhabu, ipelekewe mkurugenzi mwenyewe kwa jina, na aliyeipeleka aandike hati ya kiapo kwamba ameifikisha. Ndiyo, nimesema kujua kunatosha. Lakini kwa nini umpe mtu upenyo?

Siku ya kurudi kazini, nenda. Hata kama unajua utafukuzwa getini, nenda na shahidi. Andika saa, tarehe, na maneno uliyoambiwa. Usitukane mtu, usisukume geti, usimkasirikie bawabu. Unachohitaji ni ushahidi kwamba ulifika na ukazuiwa.

Na wewe ukiletewa barua inayosema unadharau korti, usikimbie wala usifute jumbe zako. Uliza kwa maandishi: naomba nakala ya amri. Kama ipo na inakuhusu, itii siku hiyohiyo, halafu tafuta wakili. Kama haipo, itunze barua hiyo, ni ushahidi wako wewe.

Siku za Mama Baraka 14 zinaisha wiki ijayo, Alhamisi. Amesema ataenda getini asubuhi na mapema na ile bahasha ya kaki, na ameniomba nimshikie mtoto. Nimeshabadilishana zamu na mwenzangu. Mtoto ana miezi 9, anaanza kusimama akishika kiti. Nimewaambia anapenda ndizi? Nitamponda na parachichi kidogo, tuone kama mwezi ujao ule mstari utaamka.

Nitawaambia kilichotokea getini. Usiku mwema, mama zangu.